Transport Tycoon ndani ya flashi: mwongozo kamili wa kulicheza gemu la zamani kwenye kompyuta yoyote

Wengi wetu Dar tunaopenda magemu ya kompyuta tunachezea mashine za watu. Leo ni ya ofisini baada ya saa za kazi, kesho ya binamu kule Tabata, keshokutwa ya maabara ya chuo au ya kulipia kwa saa. Mashine za namna hiyo hazikuruhusu kuweka programu mpya bila neno la siri la msimamizi, na ulichokiacha leo kesho hukikuti. Nyingine zimefungwa kabisa: ikizimwa na kuwashwa, kila kitu kinarudi kilivyokuwa asubuhi.

Dawa yake ni kuliweka gemu zima ndani ya flashi, pamoja na mipangilio yake na michezo yote uliyohifadhi, kwa namna ambayo kompyuta unayoikuta inakopesha umeme na skrini tu. Magemu mengi ya sasa hayakubali hili. Transport Tycoon linakubali vizuri sana, na kwa mtu wa Dar sijui gemu la mikakati linalomgusa zaidi ya hili, maana kazi yake yote ni kusafirisha watu na mizigo.

Gemu lenyewe, na kwa nini tunatumia OpenTTD

Transport Tycoon lilitoka mwaka 1994, likiwa limeandikwa na Chris Sawyer wa Scotland na kuchapishwa na MicroProse. Toleo la Deluxe likafuata mwaka 1995. Yalikuwa magemu ya enzi za DOS (mfumo wa kompyuta uliotangulia Windows), na Windows za leo za biti 64 haziendeshi programu za DOS. Hapo ndipo OpenTTD inapoingia. Ludvig Strigeus aliianzisha mwaka 2004 kwa kuliandika upya gemu la Deluxe, na tangu hapo watu wa kujitolea wameiendeleza bila kuchoka. Ni bure, ipo chini ya leseni ya GPL toleo la 2, kwa hiyo ukimpa mwenzako nakala huvunji sheria yoyote.

Zamani OpenTTD ilihitaji picha na sauti za gemu la asili. Tangu toleo la 1.0 la mwaka 2010, kuna seti huru za OpenGFX (picha), OpenSFX (sauti) na OpenMSX (muziki), na hizo ndizo tutakazotumia. Kwa upande wa bando hakuna cha kuogopa: gemu na seti zote tatu kwa pamoja hazifiki MB 100.

Anza na flashi, usiidharau hatua hii

Gemu ni dogo, hata flashi ya GB 4 inatosha na kubaki. Shida ya flashi za barabarani ni uwezo wa uongo. Unanunua iliyoandikwa GB 64, kompyuta nayo inakuonyesha GB 64, kumbe ndani kuna GB 8 tu na kidude cha kudhibiti kimechokonolewa kidanganye. Mafaili ya mwanzo yanaingia salama. Ukipita GB 8, kila unachoandika kinapotea au kinafuta cha zamani, na flashi haikuambii neno.

Kwa hiyo ipime kabla hujaweka kitu. Kwenye Windows tumia programu ndogo iitwayo H2testw, ambayo nayo haihitaji kusakinishwa. Inaijaza flashi yote kwa mafaili ya GB 1 moja moja yenye mwisho wa .h2w, kisha inayasoma yote tena kuona kama kilichoandikwa ndicho kilichosomwa. Ikimaliza bila kosa, flashi ni nzima. Ikianza kulalamika baada ya faili la saba au la nane, umejua ukweli wa ulichonunua. Kwenye Linux kazi hiyohiyo inafanywa na f3write na f3read. Kipimo huchukua muda mrefu kwenye flashi kubwa, hivyo kiache kiende ukiwa na shughuli nyingine. Ukimaliza, futa mafaili ya .h2w.

Kisha iformati kwa exFAT, mmoja wa mitindo ya kupanga mafaili ndani ya flashi (mingine ni NTFS na FAT32). Bofya kulia kwenye flashi, chagua Format, weka exFAT. NTFS ni imara zaidi umeme ukikatika, ila Mac huisoma tu bila kuiandika. FAT32 inafanya kazi Windows, lakini Linux nyingi hukataa kuendesha programu zilizomo ndani yake, kama tutakavyoona. exFAT inaeleweka kote: Windows tangu ile ya 7, Mac, na Linux zenye kiini cha 5.7 (2020) na kuendelea.

Pakua, halafu hakiki

Nenda openttd.org. Usichukue faili la kusakinisha, chukua la zip. Kwa Windows kuna la biti 64 na la biti 32. Kompyuta nyingi zinahitaji la 64, lakini kama unajua utakutana na mashine za zamani, beba yote mawili. Kwa Linux chukua lile lililoandikwa generic, lenye mwisho wa tar.xz.

Tovuti inaonyesha alama ya SHA256 ya kila faili, yaani mfululizo wa herufi na tarakimu unaobadilika faili likiharibika. Kama umepakua kwa mtandao wa kusuasua, au umepewa na mtu, fungua dirisha la amri mahali faili lilipo uandike hivi, ukiweka jina halisi la faili lako:

```
certutil -hashfile openttd.zip SHA256
```

Linganisha herufi na tarakimu utakazopata na zile za tovuti. Zikitofautiana hata moja, pakua upya.

Mpangilio wa folda

Hapa ndipo ufundi wote ulipo. Kwenye flashi tengeneza folda iitwayo USAFIRI. Ndani yake weka folda tatu: win, linux na data. Yaliyomo kwenye zip ya Windows yaende moja kwa moja ndani ya win, yaani faili la openttd.exe lionekane mara tu unapofungua win, lisijifiche ndani ya folda nyingine yenye namba ya toleo. Ya Linux fanya vivyo hivyo kwenye folda yake. Folda ya data iache tupu kwa sasa, isipokuwa faili moja lisilo na neno ndani, lenye jina openttd.cfg.

Sababu yake ni hii. OpenTTD inapowashwa bila kuambiwa kitu, inatafuta openttd.cfg sehemu kadhaa kwa zamu. Isipoliona popote, inatengeneza jipya kwenye Documents za mwenye kompyuta, na michezo yako yote inakwenda kukaa huko. Ukiielekeza wewe mwenyewe kwa kuongeza -c kwenye amri ya kuiwasha, folda yenye faili hilo ndiyo inakuwa makao yake: mipangilio, michezo iliyohifadhiwa, picha za skrini na vyote inavyopakua vinakaa hapo. Na kwa kuwa data imetengwa na programu, kampuni uliyoianzisha kwenye Windows ya ofisini unaiendeleza kwenye Linux ya chuo bila kuhamisha kitu.

Sasa fungua Notepad, andika mistari hii miwili:

```
@echo off
start "" "%~dp0win\openttd.exe" -X -c "%~dp0data\openttd.cfg"
```

Lihifadhi ndani ya USAFIRI kwa jina cheza.bat. Kwenye kisanduku cha kuhifadhi chagua All files, la sivyo Notepad itakuwekea cheza.bat.txt, na ukilibofya litafunguka kama barua.

Alama ya %~dp0 maana yake ni mahali lilipo faili hili la bat, popote pawapo. Ndiyo inayokuokoa flashi inapokuwa E kwenye kompyuta moja na G kwenye nyingine. Usiandike E:\ kwa mkono wako hata kama flashi yako huwa E kila siku. Ile -X inaiambia OpenTTD isipekue folda za jumla za kompyuta, kwa sababu pengine mwenye mashine naye analo gemu hili, na hutaki vitu vyake vichanganyike na vyako. Ukitumia toleo la zamani sana lisiloijua -X, iondoe tu.

Kuwasha mara ya kwanza

Mara hii ya kwanza fanyia kwenye kompyuta yenye intaneti. Bofya cheza.bat. Gemu litaona halina picha na kukuuliza kama lipakue. Kubali. Likishafunguka, bonyeza Check Online Content kwenye menyu kuu, utafute OpenSFX na OpenMSX, uvipakue. Vyote vinaingia data\content_download. Kuanzia hapo huhitaji intaneti tena.

Kama mtandao wa ofisi umeziba, pakua seti hizo kwa kivinjari kutoka tovuti hiyohiyo. Fungua zip, chukua faili la .tar lililomo, liweke data\baseset (folda hiyo itengeneze mwenyewe). Faili la .tar usilifungue, OpenTTD inalisoma likiwa limefungwa hivyohivyo.

Sasa jaribu kama kweli flashi inajitegemea. Anzisha mchezo, jenga hata kituo kimoja cha basi, uhifadhi, ufunge. Angalia data: openttd.cfg haliko tupu tena, na pana folda ya save yenye mchezo wako. Angalia Documents za kompyuta: pasiwe na folda mpya ya OpenTTD. Kisha hamishia flashi kwenye kompyuta nyingine isiyo na intaneti na ufungue mchezo uleule. Ukifunguka na sauti zikasikika, kazi kubwa imekwisha.

Utaona pia mafaili ya private.cfg na secrets.cfg ndani ya data. La kwanza hubeba mambo yako binafsi kama jina unalotumia mtandaoni, la pili hubeba maneno ya siri. Ukimnakilia mtu USAFIRI yako, yafute hayo mawili kwenye nakala yake.

Upande wa Linux

Ndani ya USAFIRI tengeneza faili la cheza.sh:

```
#!/bin/sh
HAPA="$(cd "$(dirname "$0")" && pwd)"
"$HAPA/linux/openttd" -X -c "$HAPA/data/openttd.cfg"
```

Liandike ukiwa kwenye Linux yenyewe. Notepad kwa kawaida humaliza kila mstari kwa alama ambayo Linux haiijui, na utahangaika kutafuta kosa lisiloonekana kwa macho. Liwashe kwa kuandika sh cheza.sh kwenye dirisha la amri.

Ukijibiwa Permission denied, mfumo umekataa kuendesha programu iliyomo kwenye flashi. Hiyo ndiyo kawaida ya FAT32. Nakili folda ya linux kwenda /tmp kwa amri ya cp -r, uelekeze mstari wa mwisho huko, ila sehemu ya data iache ilivyo. Programu inakaa kwa muda kwenye kompyuta, urithi wako unabaki kwenye flashi.

Mac sitakaa nayo sana. Faili la openttd lipo ndani ya OpenTTD.app, kwenye Contents/MacOS, nalo linapokea -c ileile.

Mipangilio ya kubadilisha siku ya kwanza

Kwenye skrini za sasa maandishi huwa madogo kama chungu. Ingia Game Options, kuza Interface size hadi usome bila kukunja uso. Alt na Enter kwa pamoja hujaza skrini yote.

Kuhifadhi kwa otomatiki kuweke kila baada ya dakika chache. Umeme ukikatika katikati ya mchezo kwenye kompyuta ya mezani isiyo na betri, hicho ndicho kitakachobaki. Hata hivyo kila ukijenga kitu kikubwa, mathalani makutano ya reli yaliyokugharimu jioni nzima, hifadhi kwa mkono na kwa jina jipya. Na usichomoe flashi kabla ya kuiambia kompyuta uitoe, kwa sababu exFAT haina kumbukumbu ya kurekebisha maandishi yaliyokatika njiani.

Jambo la tatu ni la ladha, lakini nalisisitiza. Kwa kawaida abiria wa gemu hili hawana waendako: ukiwapeleka popote wanalipa. Ndani ya mipangilio kuna Cargo distribution. Ukiweka symmetric kwa abiria, kila mmoja anakuwa na kituo chake cha kwenda na kurudi, na ghafla unakutana na matatizo ya kweli ya jiji. Kituo kimoja cha kubadilishia kinafurika kama Kariakoo saa kumi na moja jioni, wakati mabasi ya njia nyingine yanapita matupu. Gemu linakuwa gumu maradufu na tamu mara tatu.

Virusi vya shortcut

Ukichomeka flashi kwenye kompyuta za kulipia, siku moja utafungua na kukuta folda zimegeuka shortcut. Usizibofye. Mara nyingi mafaili yako yapo, yamefichwa tu. Peleka flashi kwenye kompyuta safi yenye antivirusi, iipekue kwanza, kisha fungua dirisha la amri uandike, kwa herufi ya flashi yako:

```
attrib -h -r -s /s /d E:\*.*
```

Folda zitaonekana tena, nawe utafuta shortcut zile. Programu yenyewe usiiamini tena: futa win, uifungue upya kutoka kwenye zip uliyoihakiki. Folda ya data ibaki. Kwa hiyo zip ya asili itunze mahali pengine nje ya flashi, pamoja na nakala ya data\save ya kila wiki. Hata simuni inakaa.

Kucheza wengi bila bando

Hapa flashi inalipa kuliko kitu kingine. Ili watu wacheze pamoja, kila mmoja lazima awe na toleo lilelile, na kama mmeongeza mabehewa au mabasi ya ziada, lazima wote wawe nayo. Mkinakili USAFIRI moja, hilo limekwisha kabla halijaanza.

Kompyuta ziunganishwe kwenye Wi-Fi moja, hata iwe ya simu isiyo na bando, kwani hakuna kinachotoka nje. Mmoja afungue Multiplayer, aanzishe seva na kuiweka Local. Wengine watafute LAN. Wasipoiona seva, waandike anwani ya IP yake. Gemu hupitia mlango namba 3979, na ngome ya Windows (Firewall) itauliza ruhusa kwenye mashine ya seva. Jibu lake linahitaji msimamizi, kwa hiyo seva iwe kompyuta ya mmoja wenu, isiwe ya kazini. Seva moja inabeba hadi kampuni 15.

Ramani ya kwetu

OpenTTD inasoma picha ya PNG ya kijivu kama sura ya nchi: palipo peusi ni chini, palipo peupe ni juu. Picha kama hiyo ya eneo kati ya Dar na Dodoma, ukiiweka data\scenario\heightmap, inakupa pwani, bonde la Ruvu na Milima ya Uluguru pale inapostahili kuwa. Kisha kwenye Scenario Editor unaweka miji mwenyewe na kuipa majina.

Nakushauri ujaribu njia ya Reli ya Kati, iliyoanza kujengwa Dar mwaka 1905 na kufika Morogoro mwaka 1907. Anza na treni za mvuke, halafu miaka ikipita ubadilishe kwenda umeme. Utakapofika enzi za monorail (treni za reli moja) utagundua treni zako za zamani haziwezi kukanyaga njia mpya, nawe utalazimika kujenga mahali pa kuhamishia mizigo. Ndivyo ilivyo hata kwetu: Reli ya Kati ya zamani ina upana wa milimita 1,000, TAZARA 1,067, SGR 1,435, na behewa la moja halipiti kwenye nyingine.

Ukitaka la asili kabisa

Kama unayo diski halali ya mwaka 1995, nakili mafaili yake kwenye folda ya ttd kando ya DOSBox isiyosakinishwa (programu inayoiga kompyuta ya DOS), utengeneze ttd.conf yenye sehemu ya [autoexec] inayoandika mount c .\ttd, kisha c:, kisha jina la faili la kuwashia gemu. Iwashe kwa dosbox.exe -conf ttd.conf. Inafanya kazi, ila kuitazama inatosha. Kwa kucheza kila siku OpenTTD imeiacha mbali. Faida nyingine ya diski hiyo ni picha za asili: mafaili yenye mwisho wa .grf pamoja na sample.cat yakiwekwa data\baseset, unaweza kuyachagua kwenye Game Options. Hayo yana hakimiliki, usiyagawe.

Toleo jipya likitoka

Usifungue zip mpya juu ya ya zamani. Badilisha jina la win liwe win-zamani, ufungue mpya kwenye win tupu, ujaribu mchezo mmoja. Toleo jipya hufungua michezo ya matoleo ya nyuma, lakini la nyuma haliwezi kufungua iliyohifadhiwa na jipya, kwa hiyo nakili data\save kwanza. Folda ya linux nayo uibadilishe siku hiyohiyo, na wenzako mnaocheza nao uwape taarifa kabla hamjakutana.